Gratallops (Priorat, Katalunya, Hispania): kijiji cha watu 250 kimefikaje kuuza mvinyo wa bei hii?

mwanazabibu_dom ameandika:

Wakuu habari za muda. Nipo Tarragona nasoma, nyumbani ni Dodoma na wazee wangu wanalima zabibu, kwa hiyo hili swali linanigusa kabisa. Juzi mwalimu katupeleka kuona mashamba ya Priorat tukaishia Gratallops, kijiji kipo juu ya kilima, nyumba za mawe zimebanana, kanisa katikati, watu kama 250 hivi, ukianza kutembea mwisho huu kabla hujakaa sawa umeshatokea mwisho ule. Mchana ule njia zote nyeupe, nimekutana na mzee mmoja na mbwa wake basi. Halafu tunaonyeshwa kwa kidole shamba moja mlimani linaitwa L'Ermita tunaambiwa chupa yake moja inapita yuro 1,000.

Kilichonichanganya zaidi ni ardhi yenyewe. Nilitegemea nione udongo nikakuta mawe, vipande vyeusi vya bamba bamba vinang'aa kwenye jua, ukikishika kinakatika mkononi, wao wanaita llicorella. Na mlima umesimama kiasi kwamba nilikuwa nashikilia mizabibu nisiporomoke. Nikiwa na akili ya nyumbani hilo shamba nisingelichukua hata kwa kupewa bure.

Sasa naomba wenye uelewa mnisaidie. Hawa watu walikuwa na hela toka zamani au ni mambo ya juzi? Kitu gani hasa kilitokea? Na hizo hela zinabaki kijijini au zinapita tu? Mwalimu alisema "1989" akaendelea na mambo mengine kana kwamba kila mtu anaijua hiyo hadithi.

---

MamaReus amejibu:

Karibu sana mdogo wangu. Mimi ni wa Mombasa lakini niko huku mji wa Reus miaka mingi, nimeolewa huku na mama mkwe wangu ni mzaliwa wa Torroja, hicho kijiji cha pili ukitoka Gratallops, kwa hivyo haya mambo nimeyasikia mezani kila Jumapili mpaka nimekuwa kama nimezaliwa nayo.

La hela toka zamani, hapana. Hapo pamekuwa na vipindi vya neema na vipindi vya njaa na ya njaa ndiyo mingi. Lazima uanze na watawa. Mwaka 1194 hivi watawa wa Kikartusi walitoka Provence wakajenga nyumba yao chini ya mlima Montsant, Scala Dei, ya kwanza ya shirika lao kwa Hispania yote. Wakati huo nchi hiyo ilikuwa imetoka mikononi mwa Waislamu si zamani, ngome ya Siurana hapo juu ndiyo ilikuwa ya mwisho kuanguka Katalunya, miaka arobaini tu nyuma. Mfalme akawapa watawa ardhi, na vijiji vya pale, Gratallops, Torroja, Porrera, Poboleda, La Morera, vikawa chini ya mkuu wa monasteri. Ukivuna unapeleka fungu lake. Hiyo ilikwenda zaidi ya miaka 600, hebu fikiria, vizazi na vizazi unalima na sehemu ya jasho lako inapanda mlima kwa watu waliokula kiapo cha kunyamaza. Lakini haki isemwe, kilimo cha mzabibu kwa mpango kiliimarishwa na hao hao.

1835 serikali ya Hispania ikaanza kuchukua mali za mashirika ya dini, watawa wakaondoka, na watu wa vijiji wakaingia wakabeba milango, mawe, vigae, kila kitu, kisha moto. Nenda ukaone magofu, kuta ziko. Mama mkwe husema kuna nyumba nyingi pale bondeni zenye jiwe la monasteri ukutani na hakuna anayeona haya kukuonyesha.

Sasa ya biashara. Reus hapa ndipo mvinyo wa Priorat ulikuwa ukiletwa, na karne ya 18 ulikuwa unachemshwa unatolewa pombe kali, inashuka bandari ya Salou inakwenda Uingereza, Uholanzi, mpaka Amerika. Bei ya pombe hiyo ilikuwa inapangwa miji mitatu, na mpaka leo Wareus wanajigamba nayo: Reus, París, Londres. Hebu angalia basi, kijiji kinalima mlimani, mji ulio chini ndio unapanga bei. Hilo liweke akilini maana ndilo lililowatesa mpaka juzi.

Neema kubwa ilikuja kwa msiba wa jirani. Miaka ya 1860 na 1870 mdudu anaitwa filoksera aliingia Ufaransa akawa anakula mizizi ya mizabibu, mashamba yanakauka eneo baada ya eneo, Wafaransa wakawa wananunua mvinyo popote. Hapo ndipo Priorat walipokata msitu wakapanda mpaka kileleni. Ukipita kwa gari angalia juu kwenye misonobari, utaona kuta za mawe za matuta zimezama ndani ya msitu, yale yote yalikuwa mizabibu. Kisha mdudu akavuka milima ya Pirenei akaingia huku 1879 na akafika Priorat 1893. Miaka michache tu kila kitu kimekauka. Dawa ilikuwa kubebesha mizabibu yao kwenye mashina ya Kimarekani yasiyodhurika na huyo mdudu, lakini hiyo ni pesa na miaka ya kusubiri, na mtu mwenye watoto watano atasubiri nini? Wakashuka Reus na Barcelona kutafuta kazi viwandani. Waliobaki wakapanda tena sehemu ndogo, wengi aina ya zabibu inaitwa carinyena kwa sababu inazaa zaidi.

Baadaye vita vya wenyewe kwa wenyewe 1936 mpaka 1939, mapigano ya mto Ebro yakawa karibu kabisa na hapo. Kisha miaka ya 1960 na 1970 Tarragona ikajengwa viwanda vya kemikali na mafuta, mshahara kila mwezi, mvua inyeshe isinyeshe. Mama mkwe anasema msichana wa kijijini aliambiwa na mamake mwenyewe usiolewe na mkulima. Yeye aliolewa na karani wa Reus!

---

kapu_na_mkasi amejibu:

Mama ameeleza vizuri sana, shikamoo mama. Mi naomba niendelee pale kwenye 1989 kwa sababu nimechuma zabibu Porrera na Gratallops misimu kadhaa na wenyeji hawaishiwi na hiyo stori.

Hali ilivyokuwa miaka ya 70 na 80 ni hivi, mashamba yamebaki kama hekta 600 tu eneo zima, wakulima wamezeeka, zabibu zinapelekwa ushirika, ushirika unatengeneza mvinyo mzito mweusi wenye kilevi kikubwa unauza kwa wingi kwenye matenki, unaenda kuchanganywa na mvinyo mwepesi wa sehemu nyingine ili upate rangi na nguvu. Jina Priorat lilishatambuliwa rasmi toka 1954 lakini kwenye chupa hulioni sana. Scala Dei pale walishaanza kuweka kwenye chupa miaka ya 70 na walikuwa wanafanya kazi nzuri, ila ni wachache mno.

Halafu akaja René Barbier, ukoo wake ni wa Kifaransa na ni wa biashara ya mvinyo toka zamani, alinunua ardhi Gratallops 1979, wakati huo kila mtu anauza yeye ananunua. Akavuta wenzake. Álvaro Palacios kijana wa ukoo wa mvinyo kutoka Rioja, kaskazini mwa Hispania, mwaka huo 1989 ana miaka 25 tu. Josep Lluís Pérez mwalimu wa baiolojia aliyekuwa anaongoza shule ya mvinyo kwenye mji wa Falset. Carles Pastrana. Daphne Glorian, mama kutoka Uswisi. Na wengine. Mwaka huo wa 1989 wakaunganisha zabibu zao zote kwenye ghala moja hapo hapo Gratallops, wakatengeneza mvinyo mmoja, wakauza kwa lebo tano tofauti: Clos Mogador, Clos Dofí, Clos Erasmus, Clos Martinet, Clos de l'Obac. Miaka mitatu ya kwanza ndo ilikuwa hivyo, mvinyo ni ule ule, toka 1992 kila mtu akajitegemea. Hawakuwa na mtaji wa kila mmoja kununua mashine zake, ndo maana.

Bei waliyoiweka ilikuwa ya juu mpaka wenyeji wakaona hawa wageni wamechanganyikiwa. Lakini Wamarekani na Waswisi wakanunua. 1993 Palacios akapata lile shamba la L'Ermita, zabibu aina ya garnatxa ya zamani imepandwa mwanzoni mwa karne ya 20, mteremko mkali ambao haujaelekea jua kali, juu yake kuna kikanisa cha Mama Yetu wa Consolació. Hiyo ndo chupa uliyoambiwa.

Sasa kuhusu yale mawe mkuu, hapo ndipo ulipo utajiri wote. Llicorella imepasuka kwa kusimama, mzizi unateremka kwenye nyufa unatafuta maji chini kabisa, juu hamna kitu cha kula. Mzabibu wa miaka 80 unakupa kilo moja, moja na nusu, mwaka mbaya hata hiyo hupati. Kwetu Dodoma tunavuna mara mbili kwa mwaka, huku mara moja na ndo hiyo kilo. Lakini punje ni ndogo, ganda nene, utamu na rangi vimejikusanya hapo.

Kuchuma kwenyewe si mchezo. Unaanza alfajiri kabla jua halijapanda, una mkasi mdogo na kreti ndogo ya plastiki, hawatumii kreti kubwa zabibu zisije zikajikandamiza. Mzabibu ni mfupi unafika kwenye goti, hauna waya wala nguzo, umejikunja kama kichaka, kwa hiyo unachuma umeinama au umepiga goti, na goti liko kwenye yale mawe makali. Mguu wa chini unaukaza, wa juu unaukunja, ukigeuka vibaya unateleza pamoja na kreti yako na nusu ya mlima. Saa tano mawe yameshapata moto unausikia kupitia soli. Kreti zinapokezanwa kwa mikono mpaka chini kwenye njia, na yale mashamba ya zamani kabisa trekta haliingii, kulima ni kwa baghala mpaka leo. Carinyena inachelewa, mara nyingi unamalizia Oktoba huku asubuhi vidole vimeganda.

Wanaochuma ni nani? Wamoroko, Waromania, watu wa Mali, Senegali na Gambia, wanafunzi, wastaafu wa kijijini wenyewe. Mi nilikuwa na Msenegali ambaye amekaa pale muda mrefu anajua kila mzabibu unaofaa kuachwa na unaofaa kukatwa, mwenye shamba alikuwa anamsikiliza yeye kabla ya kuamua siku ya kuvuna.

---

Ushirika_kwanza amejibu:

Nimewasoma wote, asanteni. Naomba nijibu lile la hela kwa sababu naona linapitwa.

Hadithi ya mashujaa watano ni ya kweli lakini wakulima wa kawaida walikuwepo kabla yao na ndio walioilinda ile mizabibu ya zamani miaka ambayo haikulipa. Kama wangeing'oa wote wakapanda lozi au wakaacha msitu urudi, Barbier angekuja kukuta nini? Kwa hiyo mtu akisema wageni wameokoa Priorat namwambia wageni walileta soko, jina na ujuzi wa ghalani, mali waliikuta imelindwa na wazee.

Ushirika nao haukufa. Falset kuna ghala la ushirika la mwaka 1919 lilichorwa na msanifu majengo Cèsar Martinell, mwanafunzi wa Gaudí, ukiingia ndani utadhani kanisa, matao ya matofali juu ya matangi, na wakulima wadogo ndio walioligharamia. Gratallops 1991 ushirika wao uliungana na wa vijiji jirani wakaanza kuweka chupa zao wenyewe. Porrera ndio mfano ninaoupenda zaidi, Oktoba 1994 mafuriko yalikipiga kile kijiji vibaya, na mwanamuziki Lluís Llach ambaye ana asili ya pale aliingia na watu wake kuokoa kijiji, mvinyo ukawa ndiyo njia, wakachukua zabibu za wanaushirika hasa carinyena ya zamani ambayo ilikuwa inadharauliwa, wakawalipa bei waliyokuwa hawajaizoea. Mkulima ambaye mwanawe alishakata tamaa akaona kumbe.

Jambo la pili ni sheria, na hili ndugu yangu wa Dodoma lishike kwa mikono miwili. Priorat ina daraja la juu kabisa la majina ya mvinyo Hispania, kuna mbili tu nchi nzima, Rioja na wao. Katalunya ilikubali mwaka 2000, serikali kuu ikathibitisha 2009. Na masharti ya daraja hilo ni kwamba mvinyo lazima uwekwe kwenye chupa ndani ya eneo lenyewe, na ghala lililosajiliwa pale. Huwezi tena kuubeba kwa tenki ukaenda kuufunga Reus au Barcelona halafu ukaandika Priorat. Hata ofisi ya bodi inayosimamia mvinyo wa Priorat ilikuwa Reus, 1999 wakaihamishia Torroja. Mama hapo juu amesema mji wa chini ndio ulikuwa unapanga bei, basi hilo ndilo walilolivunja. Lebo, kizibo, mapipa, uhasibu, mhudumu wa wageni, fundi wa mashine, zote ni ajira zilizopanda mlima. Halafu 2009 wakaongeza jina la kijiji kwenye lebo, vijiji na maeneo 12, kwa hiyo Gratallops inasomeka Gratallops mpaka Tokyo.

Leo ni karibu hekta 2,000 na maghala zaidi ya 100. Hapo ni kazi kubwa imefanyika.

Ila tusidanganyane, wilaya nzima ya Priorat haifiki watu 10,000. Huyo mzee na mbwa wake ndiyo hali halisi. Wenye maghala na wafanyakazi wao wengi wanalala Falset au Reus, nyumba za kijijini zimenunuliwa na watu wa wikiendi na wageni matajiri, bei ya nyumba na ya shamba imepanda mpaka kijana aliyezaliwa pale anashindwa kuanza. Na miaka ya 90 kuna waliochonga milima kwa tingatinga kutengeneza matuta mapana ya trekta, wamevuruga llicorella na mandhari, ukisimama Gratallops unayaona, mi yananiuma.

---

mwanazabibu_dom ameandika:

Aisee nimesoma mara mbili. Hilo la kuweka kwenye chupa hapo hapo sikulijua kabisa na ndilo nitakalompigia mzee simu leo, maana sisi zabibu zinaiva soko lenyewe linasuasua, kiwanda kinakwambia subiri na zabibu haisubiri.

Naomba niulize mawili. Hivi watu wa pale wanaishi kwa mvinyo tu? Na maji je? Nilipopita mto wa Siurana hapo chini ya Gratallops niliona mawe matupu, nikadhani ni kiangazi tu.

---

kapu_na_mkasi amejibu:

Mvinyo ndo mkubwa lakini si peke yake. Mafuta ya zeituni ya arbequina wanayo na yana jina lake lililolindwa, linaitwa Siurana, yana soko zuri sana. Karanga za hazelnati na lozi zilikuwa kubwa zamani kuelekea Porrera na Poboleda, sasa bei imeanguka wengi wameacha. Bellmunt, jirani kabisa na Gratallops, walikuwa na mgodi wa risasi, mashimo ya kilomita 14 chini ya ardhi, ulifungwa 1972 na kijiji kikabaki hakina kazi, sasa wageni wanashuka kuangalia. Vijiji vya Siurana na Margalef kule vinaletewa hela na wapanda miamba, wanatoka dunia nzima, wanalala kwenye magari yao miezi mitatu, wananunua mkate kijijini. Na La Vilella Baixa wageni wanaenda kupiga picha nyumba zilivyopandana, kwa nyuma ni ghorofa nyingi kushuka bondeni, wameibatiza New York ya Priorat.

---

MamaReus amejibu:

Hiyo ya mto umeuliza pahali penye kidonda mdogo wangu, na mimi naishi upande unaopokea maji kwa hivyo nasema ukweli hata kama majirani zangu watanuna. 1972 walimaliza bwawa la Siurana huko juu, na maji yake mengi hayashuki Gratallops, yanapitishwa kwa mfereji na handaki mpaka bwawa la Riudecanyes, upande wa bahari, yanakunywewa Reus na kumwagilia mashamba ya Baix Camp, wilaya yetu ya Reus. Watu wa Priorat walibaki na mto mkavu. Wamelalamika miaka 50. Ukame wa 2021 mpaka 2024 ulipokuja bwawa likakauka karibu lote, ikawa mvutano wa kweli, mikutano, maandamano, watu wa Priorat wanasema mto ufe kwa nini, wakulima wa Baix Camp wanasema hazelnati zetu zinakufa. Na wakati huo huo mizabibu ya Priorat yenyewe, ile ya mizizi mirefu tuliyoambiwa haifi, mingine ilikufa imesimama. Mama mkwe alilia, binamu yake alipoteza kipande kilichopandwa na baba yao. Wengine sasa wameweka mabomba ya matone, wazee hawataki kusikia, wanasema mzabibu ukiuzoesha maji ya juu hautashuka tena chini.

Mimi msimamo wangu ni kwamba mto uachiwe maji yake kwanza, kisha Reus tujipange, tuna njia nyingine za kupata maji na wao hawana.

---

Ushirika_kwanza amejibu:

Naunga mkono mama. Mvua za 2025 zilirudisha matumaini kidogo.

mwanazabibu, kama unataka kuongea na wakulima wenyewe nenda Falset wikiendi ya kwanza ya Mei, kuna maonyesho ya mvinyo, wote wanashuka na chupa zao na wanaongea na mtu yeyote. Treni ya kutoka Tarragona inapita Reus, unashuka kituo cha Marçà-Falset, kipo nje kidogo ya mji kwa hiyo panga usafiri wa kukuingiza. Muulize yeyote habari ya kubebesha na habari ya nani analipa kiasi gani kwa kilo, ukishasema baba yako ni mkulima wa zabibu watakueleza mpaka uchoke.

---

mwanazabibu_dom ameandika:

Nitaenda. Mama, nikipita Reus naomba nimsalimie mama mkwe kama hatojali, nina maswali ya hiyo mizabibu iliyokufa.

---

MamaReus amejibu:

Njoo Jumapili, saa nane tunakula. Atafurahi, watoto wetu hawamuulizi. Nitumie ujumbe nikuelekeze nyumba.